Mlango wa Mama Mkwe

Marahaba, vijana. Najua hamjaniamkia, lakini nimeitikia mapema ili tusipoteze muda, maana siku hizi shikamoo zenu hutolewa kwa kidevu huku macho yamezama kwenye simu. Mimi ni Magesa, mvuvi mstaafu. Hakuna aliyenipa barua ya kustaafu wala saa ya ukutani; aliyenistaafisha ni goti la kushoto. Sasa naishi Butimba kwa binti yangu, nakaa kibarazani, na hakosi mmoja wenu wa kupita na kuniuliza, "Babu, zamani mlikuwa mnavuaje bila nyavu za maana?"

Swali hilo huniudhi na kunifurahisha kwa pamoja. Huniudhi kwa sababu linaonyesha mnadhani tulikuwa tunawaomba samaki wapande wenyewe chunguni. Hunifurahisha kwa sababu linanirudisha kwenye mto ambao siku hizi nauona nikifumba macho tu. Basi leo nitalijibu, na asiye na haraka akae.

Nimevua mahali pawili maishani: ziwani na mtoni. Uvuvi wa ziwani nilifundishwa kwetu Majita nikiwa sijaota ndevu, na hakuna ajabu hapo, maana Mjita asiyejua ziwa watu humwuliza kama kweli ana kwao. Uvuvi wa mtoni nilifundishwa ukubwani, na mwalimu wangu alikuwa mama mkwe wangu. Msicheke bado. Huyo mwalimu hakuruhusiwa kunitazama usoni, wala mimi kumtazama yeye. Hakuruhusiwa kutaja jina langu. Tulipokaribia kukutana njiani, mmoja wetu alilazimika kuingia porini mpaka mwenzake apite. Mara nyingi niliingia mimi, na ndiyo sababu nayajua majani yote yawashayo ya bonde lile.

Hiyo ilikuwa heshima. Kwa Wasukuma wa kijiji nilikooa, na hata kwetu Majita, mama na mume wa binti yake walikuwa wanaheshimiana kwa kukimbiana. Ninyi mnawaita mama wakwe zenu "mamaa" na mnapiga nao picha, sawa, dunia imekwenda. Sisi tulikuwa tunakimbiana, na nawaambia kweli kwamba mtu unaweza kumpenda sana mtu unayemkimbia.

Kijiji chenyewe sikitaji, kwa sababu nina marafiki huko na hadithi hii inawahusu. Ilikuwa ukishavuka Kisesa unaendelea mpaka gari linapokuacha, halafu unatembea kwa miguu hadi unaposikia vyura wengi kuliko watu. Mto ulipita katikati ya mafunjo na kuingia ziwani. Mimi nilifika pale kwa mtumbwi wa sangara, nikiwa kibarua wa tajiri mmoja. Upepo ukatukataza kuondoka, na siku ya pili nikamwona binti, Milembe, anakosha vyungu huku akicheka na mwanya wake wa meno. Upepo ulipotulia wenzangu waliondoka na mimi nikagundua kwamba nina tumbo linauma. Tumbo hilo liliuma mpaka nikatoa posa.

Baada ya harusi nikahamia kwao, jambo ambalo lilinipatia jina la "bwana aliyeolewa". Watani zangu wa Kisukuma walinisindikiza nalo kila kona, na kwenye utani Msukuma hachoki.

Sasa nieleze huo uvuvi, maana ndio mlioniuliza.

Mto ule ulikuwa na uzio. Matete yalisukwa kwa kusimama, kama mkeka mrefu, yakafungwa kwenye nguzo zilizochimbiwa mtoni kutoka ukingo hadi ukingo. Kila nyumba ya wavuvi ilikuwa na kipande chake cha kutunza, na kwenye kila kipande paliachwa uwazi mmoja. Uwazi huo uliitwa mlango. Mlangoni ndipo unapotegwa mgono, lile tego la fito lililofumwa refu, pana mdomoni na jembamba mkiani. Ndani ya mdomo kuna ulimi wa fito zilizochongwa ncha, zikielekea ndani. Samaki akiingia zinampisha, akitaka kurudi zinamchoma pua. Hakuna cha betri wala injini.

Samaki wa mto ule, mfalme wao, alikuwa ningu. Wengi wenu hamjamwona. Ni mwembamba, ana midomo minene kama mtu aliyenuna, na mifupa yake ni mingi kiasi kwamba ukimla huwezi kusengenya mtu. Mvua zikianza ningu anatoka ziwani, anapanda mto akiwa na mayai, anakwenda kutaga kule juu kwenye majani yaliyofurika. Maji yakianza kupungua anashuka kurudi ziwani. Hapo ndipo desturi ya kijiji ilipokuwa. Samaki anayepanda haguswi. Milango yote inaachwa wazi. Maji yakigeuka, migono inategwa, midomo ikitazama juu ya mto kumpokea anayeshuka.

Na mlango mkubwa kuliko yote ulikuwa ule wa mkondoni, kwenye kona, palipo na kina. Wanaopanda wengi walipita pale. Mlango huo ulikuwa wa baba mkwe wangu, na kabla yake wa baba yake. Nilipooa, hata mwaka haujaisha, mzee akafariki.

Msiba ulipokwisha, Mzee Ngasa akaja nyumbani. Yeye ndiye aliyekuwa mkuu wa uzio, mzee mfupi, mtafunaji mkubwa wa miwa, asiyeanza neno mpaka amalize kutema makapi. Akasema mbele ya ndugu wote: mlango hushikwa na mtoto wa kiume wa nyumba. Nyumba hii haina. Magesa ni mkwe, na mkwe ni mgeni hata akizeekea hapa. Mgeni hashiki mlango.

"Lakini mvua ziko karibu," akasema. "Basi mkwe aushikilie msimu huu tu, mlango usilale. Mvua zikiisha tutakaa, tuone unakwenda nyumba gani."

Nilimsikia mama mkwe akikohoa nyuma ya ukuta wa matete. Hakikuwa kikohozi cha kifua. Mjue, mlango ule ndio uliompa nafasi yake duniani. Ningu waliotoka pale ndio aliowabanika kwenye chanja lake, akawapeleka mnadani, akarudi na chumvi, na kanga, na heshima. Ukingoni pale alikuwa na jiwe lake la kukalia, kati ya wanawake wenzake. Mwanamke ambaye nyumba yake haina mlango hakuwa na sababu ya kukaa ukingoni. Angerudi kulima pamba peke yake na kununua samaki kwa watu ambao jana walikuwa wananunua kwake. Hakulia mbele za watu, lakini Milembe aliniambia kwamba usiku mama aliuliza swali moja tu: "Mtu wako anajua kufuma mgono?"

Mtu wako hakujua.

Ndipo masomo yakaanza. Mimi nilikaa uani upande huu wa ukuta wa matete na fito zangu, yeye akakaa upande ule. Tulikuwa tunasikiana mpaka pumzi, lakini neno lilikuwa halipiti moja kwa moja. Lilikuwa linapita kwa Milembe.

"Mwambie mtu wako asikaze hivyo, anafuma mgono, hafungi mzigo wa kuni."

"Amesema usikaze," Milembe ananiambia.

"Nimesikia."

"Amesema amesikia, mama."

"Mwambie kama amesikia mbona bado anakaza?"

Mama alikuwa anajuaje kama nakaza, na hanioni? Kwa mlio. Fito iliyokazwa sana hulia kwa namna yake, na yeye alikuwa amekaa karibu na mumewe, fundi wa migono, miaka yote ya ndoa yake. Masikio yake yalikuwa yamesoma.

Shida ilikuja Milembe alipokwenda kisimani. Hapo tulikaa kimya kama watu wawili waliogombana. Halafu siku moja nikavunja fito, nikavunja nyingine, na ya tatu. Nikasikia sauti upande wa pili:

"Wewe jogoo! Hivi huoni kwamba fito hizo zimekauka? Ziloweke kwanza kwenye maji, jogoo mjinga."

Nikatazama. Kweli palikuwa na jogoo anapita. Nikamjibu jogoo: "Nitaziloweka, ndugu yangu, nashukuru kwa ushauri." Kutoka siku ile tulikuwa na mkalimani wa pili. Jogoo yule alitukanwa kwa makosa yangu mpaka nikamwonea huruma, na Krismasi ilipokaribia mama akakataa katakata asichinjwe. Akasema ana kazi.

Nisiwadanganye kwamba nilijifunza haraka. Migono yangu ya kwanza ilikuwa imepinda, na Masanja, jirani yetu, alipita akauliza kama nasuka kofia. Na nilipopata mgono ulionyooka nikautega kwa majaribio, pale kwenye kijito cha pembeni ambako unaruhusiwa kuvua kambale wakati wowote. Siku nzima, hata chura hakuingia. Kesho yake vivyo hivyo. Niliukagua ulimi, niliukagua mkia, kila kitu sawa. Nikaubeba nyumbani, nikauegemeza kwenye ukuta wa matete. Upande wa pili nikasikia mtu ananusa. Akanusa tena.

"Milembe," mama akasema, "mwambie mtu wako kambale si bibi harusi."

Ndiyo miaka ile, vijana. Miaka ya tisini, mambo ya ruksa yalikuwa yamefika mpaka kwetu. Tuliokuwa tunapanga foleni kwa kipande cha sabuni ya kufulia, sasa duka la pale mwaloni, mitumbwi inaposhushia samaki, lilikuwa na sabuni za kunukia zenye picha ya maua, na Milembe alikuwa amenunua. Mimi bwana aliyeolewa nilikuwa nanawa mikono kwa sabuni ya waridi kabla ya kufuma. Samaki wa maji ya tope haoni sana, ananusa. Mama akaamuru mgono ukalazwe kwenye tope la mafunjo mpaka usahau mikono yangu, na mimi ninawe kwa majivu. Ulipotoka kwenye tope ulinuka vibaya kweli, na kambale wakaingia mpaka wakabanana. Ukitaka kuvua kwa tego, kumbuka hilo: kitu cha kwanza samaki anachokutana nacho si mgono, ni harufu yako.

Sabuni haikuja peke yake. Ilikuja mitumba, redio, soda za kila rangi. Na alikuja wakala wa samaki na pikapu yenye barafu, akaweka mizani mwaloni, kwa sababu viwanda vilikuwa vinataka sangara na vilikuwa havishibi. Vijana wote wenye mikono wakakimbilia sangara. Siwalaumu, mimi mwenyewe nilikuwa nimetoka huko, na sangara alijenga nyumba nyingi za bati. Lakini sangara wa ndoano anataka chambo. Na siku moja mtu akagundua kwamba ningu aliyejaa mayai, akikatwa vipande, ni chambo ambacho sangara hawezi kukipita.

Aliyegundua hivyo pale kwetu ni Masanja. Nisimchafue, Masanja alikuwa mtu mwema na mcheshi, ndiye aliyebeba jeneza la baba mkwe upande wa kichwani. Ila alikuwa amejiunga na wakala, na kichwa chake kilikuwa kimeshaingia kwenye biashara. Alitaka mlango wa mkondoni. Aliona akiupata atatandika pale wavu wa nailoni wakati ningu wanapanda, na boti zote za sangara zitanunua chambo kwake. Alilisema waziwazi, na alilisema vizuri: "Samaki ni samaki, Magesa, akipanda akishuka. Tutabaki na migono ya mababu mpaka lini?"

Nilimpelekea Milembe maneno hayo, na ukuta wa matete ukasikia. Mama hakumsemesha Milembe wala jogoo. Alisema peke yake, taratibu: "Kitoweo cha mume wangu, kiwe chambo."

Mimi nikiwa ziwani niliwahi kutupa samaki wa kila aina kwenye ndoano bila kuwaza. Lakini sauti ile ilinichoma, na tangu hapo niliutaka mlango ule kama vile ulikuwa wa baba yangu mwenyewe.

Mvua zikaja. Ningu wakapanda. Nilisimama mlangoni kwetu, maji kifuani, nikawa nahisi wanapita wakinigusa miguu, wazito, wamejaa, na sikumkamata hata mmoja. Nilifundishwa namna ya kuyasoma maji. Ukiona povu linashika matete na haliondoki, maji bado yanapanda. Ukiona alama ya tope mbichi kwenye nguzo, juu ya usawa wa maji, yamegeuka. Na ukishika tete moja kwa vidole viwili, likitetemeka mfululizo mkondo uko sawa, likianza kugutuka, kuna kitu kinakuja kutoka juu. Hilo la mwisho mama alilirudia sana, kwa Milembe na kwa jogoo, na mimi nikaliitikia kama mtoto anayeitikia kuosha masikio.

Ziko siku ambazo mbingu ya kwenu ni nyeupe na jua linawaka, kumbe huko juu ya mto mvua imemwagika tangu asubuhi. Siku ile ilikuwa hivyo. Tulikuwa tumeshatega, ningu walikuwa wanashuka, msimu ulikuwa unakaribia ukingoni na mimi nimeanza kujiona mwenyeji. Wanaume walikuwa kwenye milango yao, wanawake kwenye machanja ukingoni. Mama alikuwa kwenye jiwe lake, amejitanda kanga kichwani na kunipa mgongo kama ilivyopasa.

Tete likagutuka mkononi mwangu. Nikalisikia, lakini akili ya ziwani ikaniwahi. Ziwani upepo ukija unashika kamba. Unakaza. Ukiachia tanga umekwisha. Basi nikaukumbatia uzio kwa mikono yote miwili, nikajikita miguu, nikaanza kuukaza kamba, na maji yakawa yanapanda, mekundu, yamebeba majani na ndoo ya mtu. Masanja kwenye kipande chake alikuwa anakaza vilevile, na yeye alikuwa na kamba mpya za nailoni ambazo hata panga huzikata kwa kubembelezwa.

Sikuona gogo. Lilikuwa limelala ndani ya maji, mti mzima na mizizi yake, unakuja kwenye kona moja kwa moja kwangu. Aliyeliona ni mama. Labda alisikia mlio wa maji, labda aligeuka tu. Nilichosikia mimi ni sauti ambayo nilikuwa naijua kupitia matete, safari hii haina matete.

"Magesa! Kata kamba! Kata uzio ulale!"

Nikageuza kichwa. Alikuwa amesimama ndani ya maji mpaka magotini, kanga imekwenda na mkondo, kichwa wazi, mikono juu.

"Unakumbatia nini, mjinga wewe? Kata, Magesa! Kata!"

Nikachomoa panga nikakata kamba za juu. Kamba zetu zilikuwa za mafunjo, zilikatika. Matete yakalala kifudifudi juu ya maji, nguzo zikabaki zimesimama, na mimi nikaogelea pembeni. Gogo likapita juu ya uzio uliolala, likaparuza nguzo moja, likaenda zake ziwani. Kipande cha Masanja hakikulala. Nailoni haikukatika, ikang'ang'ania, na tawi la gogo likakinasa kipande chote kikang'oka na nguzo zake, Masanja akibaki na kipande cha kamba mkononi. Namshukuru Mungu kwamba Masanja alijua kuogelea. Nawaambieni sichukii nailoni, nimeitumia maisha yangu yote ya ziwani, lakini uzio wa mto unatakiwa kujua kukatika.

Tulipotoka majini hakuna aliyesema habari za gogo. Watu walikuwa wanamtazama mama. Alikuwa ameketi matopeni, amejifunika uso kwa mikono, na mwanamke mmoja akamtupia kanga. Alikuwa amemwita mkwe wake kwa jina, mbele ya kijiji kizima, kichwa wazi, tena akamtukana. Milembe alimshika mkono akampeleka nyumbani. Hakutoka ndani. Ule ukuta wa matete ukanyamaza, na hata jogoo alipita pale bila kuambiwa lolote. Sikuwahi kujua kwamba ukimya wa mtu usiyemwona unaweza kukukosesha usingizi.

Mvua zikaisha, na Mzee Ngasa akaita kikao ukingoni, kama alivyoahidi. Wanaume tukakaa chini, wanawake wakakaa kwa mbali. Mama alikuwa nyuma kabisa, amejifunika gubigubi, si kwenye jiwe lake.

Masanja aliomba nafasi ya kwanza. Alizungumza kwa adabu, hata mimi nilikiri. "Wazee, desturi mnaijua kuliko mimi. Mkwe ni mgeni. Na sasa kuna jambo jingine, naliona aibu kulisema. Mama amemtaja mkwe wake jina. Amemtukana mbele ya watu, kichwa wazi. Nyumba iliyovunja mwiko mkubwa hivyo itashikaje mlango wa mkondoni? Simchukii mama, ni mama yangu pia. Lakini desturi ni desturi."

Watu wakaguna. Walimwona ana haki, na nilimwona ana haki. Nikatazama miguu yangu nikijua kwamba mama amepoteza mlango kwa sababu ya kuniokoa mimi.

Mzee Ngasa alitafuna. Alitema makapi. Akachukua pingili nyingine, akaitazama, akairudisha chini.

"Masanja, mama mkwe wako hajambo?"

"Hajambo, mzee."

"Amewahi kukupigia kelele?"

"Hapana! Atathubutuje?"

"Amewahi kukuita mjinga?"

"Mzee, hiyo haiwezekani. Mimi ni mkwe wake."

"Na mama yako mzazi je?"

Kikao kizima kikaangua kicheko, kwa sababu mama yake Masanja alikuwa hapo hapo kati ya wanawake, na sauti yake ikimgombeza mwanawe ilikuwa inafika ng'ambo ya mto kila asubuhi. Masanja naye akacheka, hakuwa na namna.

"Basi," Mzee Ngasa akasema. "Mkwe hapigiwi kelele. Haitwi mjinga. Mkwe hata akizama, mama mkwe anamtafuta mtu wa kwenda kumwambia mtu amwambie. Anayepigiwa kelele hivyo, kwa jina lake, ni mtoto." Akageukia kule nyuma. "Mama Milembe. Yule uliyemwita mjinga siku ya gogo ni nani wako?"

Ikatoka sauti ndani ya kanga, ndogo lakini haikutetemeka.

"Ni mwanangu."

"Mmesikia," akasema Mzee Ngasa. "Nyumba ina mtoto wa kiume. Mlango una mwenyewe. Masanja, kajenge kipande chako, na usirudi na zile kamba."

Masanja ndiye aliyekuwa wa kwanza kuja kunipa mkono. Miaka iliyofuata tulivua pamoja, mpaka uzio ulipokufa, maana uliishia kufa, vijana walihamia kwenye sangara na nyavu ziliziba mdomo wa mto kule ziwani ambako hakuna Mzee Ngasa. Naumia nikikumbuka. Lakini wakati ule mama alipokuwa hai, mlango wa mkondoni haukuwahi kumkamata samaki anayepanda.

Siku ile ya kikao, Mzee Ngasa alimwita mama aje mbele, na mimi nikaambiwa ninyanyue uso. Ilikuwa kazi ngumu kuliko gogo. Shingo ilikuwa imezoea kuinama. Nikanyanyua taratibu, nikaanza na miguu yake, kanga, mikono yenye makovu ya fito, na mwishowe uso. Nilikuwa nimeishi ukweni, nimekula chakula chake, nimegombezwa kupitia mke na kupitia jogoo, na sikuwa najua kwamba ule mwanya wa Milembe ulionifanya niugue tumbo ulitoka kwake. Alikuwa analia na kucheka, mwanya wote uko nje, na mimi pia machozi yalinitoka mbele ya watani zangu wote, na kwa mara ya kwanza hawakunitania.

Nilidhani atanibariki. Alinitazama vizuri, kwa muda, kama mtu anayekagua mgono.

"Lile panga lako," akasema, "nililiona siku ile. Ni butu. Kalinoe kwanza ndiyo uje kula."